Bembea ya Ba na Shemeji Mwenye Mto

Jumapili, 7 Mei

Nimeanza shajara. Ni ya mwaka jana, ilikosa mnunuzi dukani kwangu, kwa hiyo majina ya siku yaliyochapwa humu si ya kweli na itabidi niyafute moja moja. Si neno. Mwenye duka la madaftari hakosi kalamu.

Sababu ya kuandika: nimenyang'anywa. Mchana kweupe, mbele ya mke wangu, ndani ya nyumba yangu, hapa hapa Rajkot.

Niandike kwa utaratibu. Katikati ya sebule yetu kuna bembea. Ubao wa msaji, fimbo nne za shaba, kulabu nne darini alizozifunga marehemu baba mwaka niliozaliwa mimi. Saa saba mchana mji mzima unafunga maduka, watu wanakwenda kula na kulala. Saa kumi chai inakuja. Ba anakaa kushoto. Ba ndiye mama yetu: miaka themanini na mmoja, kilo arobaini, sauti ya kilo tisini. Mimi nakaa kulia. Nasukuma sakafu kwa kidole gumba cha mguu, taratibu. Ba anamimina chai kwenye kisahani, anaipuliza, na funda la kwanza ananipa mimi. Ndipo naenda kufungua duka. Nimekaa pale tangu baba atutoke, miaka kumi na mmoja sasa. Hakuna aliyenipa cheo hicho na hakuna aliyewahi kukigombea.

Leo dada yangu Kokila kaja kutoka Vadodara kwa likizo ya kiangazi, kama kila mwaka. Safari hii kaja na mumewe, Bipinkumar. Miaka ishirini na saba bwana huyu amekuwa akimfikisha mkewe mlangoni, anakunywa chai, anawahi treni. Mwezi uliopita kastaafu kazi ya reli. Kashuka na masanduku mawili na mto. Mto wake mwenyewe wa kulalia! Mtu anayesafiri na mto wake hana nia ya kuondoka kesho.

Ba akapigapiga ubao upande wa kulia. "Bipinkumar, njoo ukae hapa, baba." Akakaa. Chai ikaja. Kisahani kikaenda kulia, kama kilivyozoea. Mimi nilikunywa yangu nimesimama kando ya friji.

Najua, mkwe ni mkwe. Kwetu mkwe wa nyumba hata sahani yake haiondoi mwenyewe. Lakini heshima nayo ina kipimo: chakula, chai, maji ya maembe, kwaheri. Nimemuuliza Manjula, mke wangu, wanaondoka lini. Kasema tarehe ishirini na moja. Nikamwambia arudie. Karudia.

Jumatatu, 8 Mei

Mpango wa kwanza. Safi kabisa, hauna hata chembe ya dhambi.

Bipinkumar hakai tu kwenye bembea, analala juu yake! Baada ya chakula anajinyoosha mzimamzima na ule mto wake, miguu inaning'inia upande wa Ba. Sasa, kila mwezi kazi ya kutia mafuta kulabu ni yangu. Leo nilipanda ngazi asubuhi na mapema, nikafuta mafuta yote, nikanyunyizia unga wa chaki kutoka dukani. Saa saba na nusu bembea ikaanza kuimba. Kwii, kwaa. Kwii, kwaa. Nikaenda chumbani kusubiri akurupuke.

Hakukurupuka. Alilala usingizi wa pono mpaka saa kumi kasorobo. Alipoamka alikuwa na machozi ya furaha. Akamweleza Ba kwamba maisha yake yote amelala kwenye makelele ya vyuma vya treni, na tangu astaafu hajaonja usingizi, kimya kile kinamtisha. Leo ndiyo mara ya kwanza. Ba akamshika kidevu. Akatoa amri: hakuna wa kugusa kulabu zile kwa tone la mafuta mpaka mkwe wake aondoke.

Aliyekosa usingizi ni mimi. Chumba changu kimepakana na sebule.

Jumatano, 10 Mei

Mgongo. Mabega. Shingo. Naandika nikiwa nimelala kifudifudi.

Mpango wa pili ulikuwa wa maneno tu. Asubuhi wakati wa chai nilijikuna mkono, nikasema kwa sauti ya mtu asiyetaka kumsumbua mtu kwamba nadhani jana nikikaa pale kwenye bembea niliumwa na kunguni. Nilitegemea Bipinkumar ahamie kwenye sofa. Basi.

Sikuwaangalia wanawake. Kosa kubwa. Manjula na Kokila walitazamana, na mimi ni mtu mzima wa miaka hamsini na mbili, nilipaswa kujua kwamba neno kunguni halitamkwi mbele ya mawifi wawili mwezi wa Mei. Saa tatu magodoro yote ya nyumba yalikuwa yanapanda juani kwenye paa. Aliyeyapandisha ni nani? Magodoro kumi na moja! Ngazi ishirini na mbili! Joto la kukaanga yai kwenye saruji! Manjula akanipa fimbo niyapige. Nikimwambia nimechoka, ananiambia, "Baba Toral, si wewe uliyeumwa? Piga."

Bipinkumar alitaka kusaidia. Ba akapiga ukelele kama mtu aliyeona nyoka. Mkwe abebe godoro! Majirani watasemaje! Akamrudisha kwenye bembea.

Saa sita, nimekaa kwenye kivuli cha tangi la maji nikingoja kufa, nikasikia mtu ananyata. Bipinkumar. Kamtoroka Ba. Mkononi ana jagi la mtindi mwepesi wenye chumvi na jira, baridi, na bilauri mbili. Akakaa chini kwenye saruji pamoja nami. Ilikuwa tamu. Hilo ndilo lililoniudhi zaidi.

Kunguni: hakuna hata mmoja. Binti yangu Toral, ana miaka kumi na sita na ulimi wa mwanasheria, alipiga hesabu mbele ya watu wote: magodoro kumi na moja, kunguni sifuri, baba mmoja.

Ijumaa, 12 Mei

Sijui nianzie wapi.

Asubuhi nilimvuta Bipinkumar pembeni. Nikamwambia kwa siri, kiume, kwamba kulabu ya upande wa kulia ina ufa. Ya zamani mno. Mimi imeshanizoea, lakini mtu mgeni, mwili mkubwa... Nikamwachia amalizie mwenyewe. Akanishika mikono yote miwili. Macho yakamtoka. Akasema, "Rasikbhai, umeniokoa. Nisingependa kufia kwa wakwe." Akainuka, akakaa kwenye sofa. Ushindi! Nilikaa kulia nikahesabu bembea inakwenda mara ngapi. Mara sita.

Mara ya saba akarudi na ngazi.

Sikujua. Miaka yote ile sikuwahi hata kumuuliza kazi yake hasa ni nini kule reli. Kumbe alikuwa mkaguzi wa vyuma vya mabehewa! Miaka thelathini na nne anagonga chuma kwa nyundo na kusikiliza kama kizima au kina ufa! Kabla ya saa sita bembea yetu ilikuwa chini, fimbo zimelala ukutani, kulabu nne ziko juu ya gazeti. Hakuwa na nyundo, akaomba kijiko cha kupakulia. Akazigonga moja moja, jicho moja kalifumba. Akafika kwenye ya kulia. Akagonga. Akagonga tena. Akasema, pole pole, "Naam. Ufa nausikia."

Anausikia! Ufa gani? Ufa nimeutunga mimi wakati napiga mswaki!

Nilitikisa kichwa kwa huzuni kama wengine. Kulabu zimepelekwa kwa mhunzi, azitie motoni azipime. Jibu Jumatatu.

Saa kumi Ba alikaa kwenye kiti cha plastiki. Alikaa wima, mikono magotini, kama mtu aliye kwenye foleni ya hospitali. Akaangalia yale matundu manne darini. Chai ilipokuja aliinywa kutoka kikombeni. Kisahani hakukigusa. Hakumpa mtu.

Nimejisikia vibaya. Nasema wazi kwa sababu hakuna anayesoma.

Jumamosi, 13 Mei

Nyumba bila bembea si nyumba, ni ukumbi wa mkutano. Hakuna anayejua akae wapi. Watu wanaingia sebuleni, wanazunguka pale katikati ambapo hakuna kitu, wanatoka. Savitaben, jirani tunayechangia naye ukuta, alikuja mbio akauliza nani kafariki, maana hajasikia bembea tangu jana. Alipoambiwa ni kulabu tu, alibaki kutupa pole vilevile.

Ba hakulala mchana. Kasema hana neno. Ba akisema hana neno, jihadhari. Nilimwona kwenye kiti chake, mguu wa kulia unasukuma sakafu, unasukuma, na kiti hakiendi popote. Bipinkumar naye halali. Tumelala wote mchana macho wazi, kila mtu chumbani kwake, tukisikiliza feni.

Toral kaniuliza ni nani hasa aliyemwambia Bipinkumar habari ya ufa. Nikamweleza kwamba joto hufanya mambo ya ajabu kwenye chuma. Akaniangalia kwa muda mrefu. Mtoto huyu tumemsomesha kupita kiasi.

Jumatatu, 15 Mei

Kwa mhunzi, mimi na Bipinkumar, kwa skuta yangu. Gafurbhai alituwekea kulabu nne mezani. Kasema chuma hicho kitaishi kuliko wajukuu wetu. Kisha akauliza, bila kumwangalia mtu, ni mpumbavu gani aliyezing'oa. Tulitazama juu sote wawili.

Bipinkumar ndiye aliyezibeba kurudi. Alikaa nyuma yangu na kulabu mapajani. Kwenye taa nyekundu ya barabara ya mzunguko nikasikia sauti yake begani kwangu. "Rasikbhai. Ule ufa. Sikusikia kitu."

Taa ikawa kijani. Nikasahau kuondoka. Watu wakatupigia honi na kututukania ukoo.

Akanieleza yote kando ya barabara, mbele ya mwuza juisi ya miwa. Tangu astaafu hakuna aliyemuuliza swali hata moja la vyuma. Anaulizwa chumvi imekolea? Feni iongezwe? Chai nyingine? Kila mahali anakalishwa kama sanamu ya hekaluni. Mimi nilipomwendea na kumwambia kulabu ina ufa, alifurahi mno, akakosa moyo wa kusema ni nzima. Alipogonga akasikia kabisa kwamba iko sawa, na mdomo ukasema vingine. "Ba kakosa bembea siku tatu kwa ajili yangu. Tafadhali, shemeji. Usimwambie."

Nilimwangalia. Mtu mzima, mvi kichwani, kulabu nne kifuani, karibu alie.

Huu ndio wakati ambapo mtu mwingine angeungama. Mimi niliweka mkono begani mwake nikamwambia siri yake iko salama, na kwamba kila mtu hukosea. Nimemsamehe kabisa. Nilimnunulia na juisi. Mara nyingine moyo wangu mkubwa unanishangaza mwenyewe.

Jumatatu hiyo hiyo, jioni

Haikuisha. Kurudisha bembea!

Bipinkumar juu ya ngazi, mimi nimeshika ngazi, Ba kwenye kiti cha plastiki akiongoza kama askari wa barabarani. Alipotaka kumkataza mkwe wake asipande, Bipinkumar alimwambia, kwa adabu zote, "Ba, niache nifanye kazi. Nakuomba." Ba akanyamaza! Nimemfahamu mwanamke huyu miaka hamsini na mbili na sijawahi kuona jambo hilo.

Kumbe fimbo nne hazilingani. Kila moja ina mahali pake, na anayejua ni Ba peke yake. Hii ya jikoni. Hii ya dirishani. Ile yenye bonyeo ni ya mlangoni. Bipinkumar akauliza bonyeo limetokana na nini. Ba akasema ni kichwa cha Rasik, akiwa na miaka minne, alitaka kuonyesha anaweza kuruka. Kicheko. Kokila alicheka mpaka akaketi sakafuni. Kisha Ba akasimulia jinsi baba alivyoifunga mara ya kwanza: alianguka kutoka kwenye ngazi mara mbili, na yeye Ba, bi harusi wa mwaka mmoja, haruhusiwi hata kuonyesha uso mbele ya baba mkwe wake, alikuwa amefunika kichwa huku ameshika ngazi, anacheka ndani ya ushungi. Hatukuwahi kuisikia hadithi hiyo. Hata Kokila.

Tukamaliza. Ikaning'inia. Imeinama! Upande wa kulia uko chini vidole viwili. Bipinkumar alitaka kuifungua upya. Ba akasema hapana, amengoja vya kutosha, akaenda akakaa mahali pake pa kushoto. Akateleza polepole mpaka katikati. Akatulia hapo. Akatazama kulia, akatazama kushoto.

"Pazuri," akasema. "Bipinkumar, kaa huku. We Rasik, huku."

Tukakaa. Manjula akaleta chai, saa moja jioni, chai ya saa kumi! Ba akaomba visahani viwili. Akapuliza hiki, akapuliza hiki. Kimoja kulia, kimoja kushoto, kwa pamoja. Kisha Kokila akajibana, na Manjula, na Toral akakaa miguuni mwetu, tukasukuma sakafu sote, na zile kulabu kavu zikaimba kwii, kwaa, na Savitaben akapiga kelele kutoka kwake kwamba sasa anaweza kupika kwa amani.

Miaka kumi na mmoja. Haikuwahi kunijia akilini kwamba bembea ina katikati.

Jumapili, 21 Mei

Wameondoka kwa treni ya asubuhi. Masanduku mawili yamekuwa matano: Ba kamjazia Kokila achari, gathia za unga wa dengu na sukari guru kana kwamba Vadodara hakuna maduka. Wiki nzima sikupanga hila yoyote. Sikupata nafasi. Kila asubuhi Bipinkumar alikuwa na kitu cha kugonga: bawaba, mfereji, skuta yangu, geti la Savitaben. Mimi nilikuwa nashika tochi.

Pale stesheni alinikumbatia. Nami nikamkumbatia. Moshi uliniingia machoni. Toral akasema treni ile ni ya umeme.

Upande wa kulia ni wangu tena! Wote!

Alhamisi, 25 Mei

Nimekaa kulia siku nne. Naandika ukweli.

Bembea imeharibika tabia. Ikiwa na watu wawili inakwenda upande upande kama kaa. Watu watatu, inatulia. Ba anateleza katikati, anabaki hapo, na kushoto kwake ubao mtupu. Jana alimimina visahani viwili. Kimoja kilipoa. Hakuna aliyekigusa. Akasema, "Yule mtoto atakuwa analala kweli kule?" Mtoto mwenyewe ana miaka sitini. Kaacha mto wake hapa, sijui kwa kusahau au kwa kusudi. Ba ameuweka pale patupu.

Na mimi? Mlango wa duka unalia tangu Jumatatu. Ninayo mafuta. Sitii.

Kwa hiyo leo baada ya chakula nikampigia simu. Nikamwambia, kwa sauti nzito, kwamba kulabu ya kushoto ina ufa.

Akaniuliza kama nimeusikia kwa masikio yangu mwenyewe. Nikasema waziwazi kabisa. Akaniuliza ni mlio mkavu au wa kuvutika. Nikasema vyote viwili. Akasema hilo ni jambo la hatari sana, Rasikbhai, mtu yeyote asiiguse, wanapanda treni Jumamosi na safari hii anakuja na nyundo. Nilimsikia akimwita Kokila afunge sanduku kabla hata hajakata simu.

Nilimpa Ba habari hizo. Aliruka! Miaka themanini na mmoja, aliruka! Akaanza papo hapo kugawa kazi: dengu ziloweshwe, maembe yanunuliwe, shuka mpya. Akapanga na viti vya chai. Bipinkumar akae katikati, maana ndiye fundi wa bembea. Yeye Ba kulia kwake. Kokila kushoto, maskini, safari iliyopita alibanwa.

Nikauliza, na mimi?

Ba akanitazama kwa upendo mwingi. "Wewe si una friji yako, mwanangu."

Friji! Baada ya yote niliyoifanyia familia hii!

Nimekaa nikafikiri kwa utulivu mpaka saa kumi na moja. Akili ikanijia yote kwa mkupuo. Nimekwenda jikoni. Nimesimama karibu na Manjula, si karibu sana, nimejikuna mkono, na nimesema kwa sauti ya mtu asiyetaka kumsumbua mtu kwamba ule mto aliouacha Bipinkumar, sijui, nadhani una wadudu.

Tayari namsikia anakunja godoro la kwanza.